Rais Aliyekatazwa Kusimama

Hapo zamani, wala si zamani ile ya fisi na sungura, ni zamani ya babu za babu zetu tu, mpira wa miguu ulipokuwa bado mgeni duniani na ulishonwa kwa kamba nene za ngozi, hata ukiupiga kichwa unarudi nyumbani na alama ya mshono kwenye paji la uso, palikuwa na mji huko Uhispania ya kaskazini ulioitwa Sarmiel. Msiutafute kwenye ramani. Ramani zina mambo ya maana zaidi ya kuonyesha.

Sarmiel ilikuwa na mto, mvua, kanisa, na klabu mbili za mpira. Klabu mbili, kiwanja kimoja, majani mabichi kando ya mto. Mnaona wenyewe vita vinakotokea.

Rais wa klabu ya kwanza alikuwa Don Baldomero. Don, ndivyo wanavyomwita mtu wa heshima kule. Alikuwa mwanasheria wa mji, mtu wa mihuri na viapo, mwenye ndevu zilizomfika kifuani. Hakuwahi kusema uongo tangu azaliwe, na hakuacha mtu yeyote asahau jambo hilo. Lakini mpira ukianza, heshima yote aliivua pamoja na koti. Mwamuzi akipuliza kipenga asichokipenda, Don Baldomero aliingia uwanjani na mwavuli, akamtandika nao. Rais wa klabu ya pili naye alikuwa na mwavuli wake. Waamuzi wa Sarmiel walikuwa wanatembea wameinama.

Meya akachoka. Akatoa amri, ikabandikwa mlangoni pa kanisa: rais wa kila klabu atakaa kwenye kiti chake, pembeni mwa uwanja, na kofia ndefu kichwani, tangu kipenga cha kwanza hadi cha mwisho. Mapumziko anaruhusiwa kwenda haja. Lakini mpira ukiwa unachezwa, rais atakayenyanyuka kitini, klabu yake imeshindwa.

Don Baldomero akaisoma, akavua kofia, akaitupa mezani.

"Mimi nikae kitako huku tunaonewa? Tafuteni mwingine!"

Wakatafuta. Mmoja akasema mgongo unamuuma. Mwingine akasema mke wake hataki. Basi wazee wa klabu wakafanya kikao, na katika kikao hicho alikosekana mtu mmoja tu. Mpira ulikuwa umetumbukia mtoni, na yeye ndiye aliyekwenda kuuopoa.

Mtu huyo ni Eladio. Kijana wa miaka ishirini na mmoja, hana hata unywele mmoja juu ya mdomo, na ndiye mshambuliaji bora kuliko wote mjini. Mabao yote ya klabu yalitoka kwenye miguu yake. Wengine walikuwa wanakimbia tu ili wapate joto.

"Tumpe huyu kijana," akasema mzee mmoja. "Amelitumikia goli vya kutosha. Anastahili heshima."

"Anastahili!" wakaitikia wote.

Mnawajua wazee wa namna hii. Mpishi akipika vizuri, wanampandisha cheo akasimamie milango, kisha wanashangaa wali umeungua. Msijifanye hamwajui. Wawili wamekaa pale karibu na mlango, wananitazama vibaya.

Eladio akaingia akichuruzika maji, mpira kwapani. Wakamvisha ile kofia ndefu. Ilikuwa imepimwa kwa kichwa cha Don Baldomero, ikamshuka hadi puani.

"Hongera, Bwana Rais!"

"Asanteni, wazee wangu," akasema Eladio kutoka ndani ya kofia. "Sasa Jumapili nitacheza upande gani?"

Wazee wakatazamana. Hapo ndipo walipogundua walichokifanya.

"Utakaa," mmoja akasema polepole, "upande wa kulia."

Angeweza kukataa. Nasema hivyo mapema, msije mkanihonga machozi baadaye. Lakini mama yake alikuwa ameshaliambia soko zima kuwa mwanawe ni rais, na yeye mwenyewe, tuseme ukweli, alijitazama kwenye kioo cha dirisha akaiona ile kofia, akaipenda kidogo. Jumapili akakaa. Klabu ikafungwa. Jumapili nyingine akakaa. Ikafungwa zaidi. Kijana anaumwa miguu kwa kutocheza, anakanyaga nyasi chini ya kiti mpaka zimekufa.

Nafasi yake uwanjani akapewa Saturio, mwoka mikate. Huyu alikuwa na masharubu mazito na nyayo bapa, na aliupenda mpira kuliko kitu chochote chini ya jua, ila mpira haukumpenda hata kidogo. Miaka yote alikuwa akibeba machungwa ya wachezaji na kukausha viatu vyao kwenye tanuri lake. Sasa amepata jezi. Kichwani alifunga kitambaa cheupe chenye mafundo manne, kikamshuka hadi kwenye nyusi, kama walivyofanya wachezaji wengi enzi hizo ili mshono wa mpira usiwachane. Alilala nacho.

Basi Meya akachoka mara ya pili. Klabu mbili zilikuwa zinagombea kiwanja kila siku. Akatangaza: zitacheza mechi moja ya mwisho. Atakayeshinda anachukua kiwanja moja kwa moja. Atakayeshindwa akachezee nyuma ya machinjio, kwenye mawe. Na kiwanja kitapewa jina la mtu aliyekishinda, ubao utachongwa, jina litaandikwa kwa rangi.

Eladio aliposikia hayo hakula siku ile. Kwenye majani yale ndipo alipojifunza kupiga mpira, tangu mpira ulipokuwa kibofu cha nguruwe. Msikunje nyuso, ndivyo walivyoanza. Alijua kwamba akicheza, watashinda. Alijua kwamba akisimama, wameshindwa. Kijana wa watu akabaki hapo katikati, amekaa.

Siku ya mechi ilikuwa ya tope. Pembeni mwa uwanja, nyuma kidogo ya kiti cha rais, palikuwa na kamba za nguo zimejaa shuka. Zilikuwa za Casilda, mjane aliyefulia nusu ya mji. Meya alimwamuru aziondoe. Casilda akazisogeza hatua chache, akasema mkataba wa jua ni kati yake na Mungu.

Kipindi cha kwanza, klabu ya Eladio ikafungwa bao moja. Saturio alipata mpira mbele ya lango tupu, kipa ameanguka, akaupiga, ukaenda nyuma. Mpaka leo hakuna aliyeeleza uliendaje nyuma.

Mapumziko, Eladio akaenda nyuma ya shuka kujisaidia. Akamkuta Saturio analia, na Don Baldomero, ambaye alikuwa amejificha pale ili asije akaingia uwanjani na mwavuli, anasaga meno.

"Nipe jezi yako," Eladio akamwambia Saturio.

"Haiwezekani! Hakuna kubadilisha mchezaji." Na kweli, enzi hizo ukivunjika mguu ulichechemea hadi mwisho.

"Hatubadilishi. Mimi ndiye wewe. Nipe na kitambaa."

Saturio akaishika jezi yake kwa mikono miwili. Alikuwa ameingoja jezi ile ujana wake wote. Akaitazama, akawatazama, akaivua juu ya kichwa, na baridi ile.

"Na kitini nani?" akauliza. Hapo Eladio na Saturio wakamgeukia Don Baldomero.

"Msinitazame. Mimi sisemi uongo."

"Hutasema kitu, Mzee Baldomero. Utakaa tu."

"Na ndevu zangu? Rais wenu hana ndevu. Hata mbuzi wa mji huu anajua."

Hapo ndipo shuka ikafunguka, akatokea Casilda na mkasi wake wa kukatia nyuzi. Alikuwa amesikia kila kitu.

"Ndevu ni nywele," akasema. "Kaa chini, Don Baldomero. Lakini kwanza mniapie. Mkishinda, kamba zangu hazitoki hapa."

"Tunaapa!" wakasema wote watatu, kwa haraka ile ya watu wanaosikia mwamuzi akikohoa tayari kwa kipenga.

Ndevu za miaka mingi zikadondoka kwenye tope. Don Baldomero akafumba macho asizione. Akavishwa kofia yake ya zamani, akaishusha, akavuta ukosi wa koti hadi masikioni, akaenda kukaa. Saturio akalazwa kwenye kapu kubwa la nguo, akafunikwa shuka mbichi. Na Eladio akafunga kitambaa cha mafundo manne, akachota tope, akajipaka juu ya mdomo. Masharubu yakawa yamepatikana.

Mnauliza, watu wasimtambue? Watu gani? Watu wa Sarmiel walipoona kitambaa na masharubu walisema, Saturio. Walipoona kofia na kiti walisema, Rais. Huko kutazama sura ni kazi ya ziada, na hakuna aliyewaomba.

Kipindi cha pili, "Saturio" akaupata mpira, akampiga chenga beki wa kwanza, akamlaza wa pili, akatandika shuti, na kwa kuwa nyavu hazikuwapo, mpira ukapita langoni ukaenda moja kwa moja mtoni.

"Kumbe alikuwa anatuficha huyu!" mashabiki wakapiga kelele.

Sare, bao moja kwa moja. Ndipo mpira mwingine, mzito kwa maji, ukatoka nje ukampiga Don Baldomero usoni. Ukampiga hasa. Yeye aliyewapiga waamuzi kwa makosa ya kudhaniwa tu, damu ikamtoka puani, akakaa. Mwavuli ulikuwa hapo hapo, mkono ukautafuta, mkono ukarudi. Akakaa.

Lakini katibu wa wapinzani, mtu wa miwani na chuki, akaanza kushuku. Mwoka mikate amekuwa malaika tangu lini? Akaja kuchungulia kwenye shuka. Na wakati huo huo Saturio, mwenye baridi na unyevu, akapiga chafya ndani ya kapu.

"Kuna nini humo?" akauliza katibu.

Casilda hakuinua hata kichwa.

"Shuka za wagonjwa wa kifua kikuu. Nimezitenga. Lakini kama una shaka, funua, ndugu yangu. Ingiza uso kabisa."

Katibu akarudi nyuma mpaka akakanyaga kiatu cha Meya. Na pale pale uwanjani, Eladio akafunga bao la pili. Kipenga. Wameshinda.

Vurumai ilipoanza, Eladio akakimbilia nyuma ya shuka. Jezi ikarudi kwa mwenyewe, kofia ikarudi kwa mwenyewe, Casilda akampaka Saturio tope kwa mikono miwili na kumsukuma nje. Umati ukamnyanyua juu juu. Wakamzungusha mji mzima, yeye aliyekuwa ameiona mechi kupitia nyuzi za shuka.

Sasa sikilizeni kilichofuata, maana ndipo kisu kilipo.

Mji mzima ukaimba Saturio. Mama yake Eladio mwenyewe akamwambia mwanawe mezani, "Mwenzako Saturio anacheza, wewe umekaa kama gunia." Na wazee wa klabu wakamwita Eladio, wakamvisha kilemba cha ukoka: hawajapata kuona rais aliyekaa vizuri namna ile, hata mpira ulipompiga hakutikisika. Wakampa urais wa maisha. Maisha, jamani. Kitini.

Don Baldomero alipofika nyumbani, mkewe alimfungia mlango akidhani ni mkusanya kodi. Mjini wakasema amepata chawa.

Na Casilda? Katibu yule alikwenda akasema alichosikia. Kesho yake hakuna nyumba iliyomletea nguo. Casilda wa kifua kikuu, wakamwita. Wanawake waliokuwa wakimwita dada wakavuka barabara wakimwona. Akabaki na kamba zake na upepo.

Meya akatuma ujumbe: Jumapili atakuja na mchoraji na ubao. Yeye siku ya mechi alikuwa anasinzia, kwa hiyo klabu yenyewe imtajie mtu aliyekishinda kiwanja. Jina moja. Wale wanne wa nyuma ya shuka wakakutana Jumapili asubuhi ofisini kwa Don Baldomero, mapazia yameshushwa, maana siri ikitoka, mechi imebatilika na kiwanja kimekwenda.

"Andikeni jina langu," akaanza Eladio. "Mabao ni yangu. Miguu ni yangu. Mmenizika kitini maisha yangu yote, sitacheza tena. Niachieni hata ubao. Mwanangu akipita pale asome kwamba baba yake aliwahi kusimama."

"Kofia nani alikuvalisha kwa nguvu?" akauliza Don Baldomero. "Ungesema hapana siku ile, ungecheza dakika zote, na mimi ningekuwa na ndevu. Andikeni jina langu. Bao lolote lingefutwa kama kiti kingekuwa kitupu. Nimepigwa nikakaa. Nimeishi kwa ukweli, nikauvunja kwa ajili yenu, na leo kila muhuri ninaougonga unanisuta. Mabao mtu hufunga hata Jumapili ijayo. Heshima yangu haifungwi tena."

"Na amri ya viti ilitoka wapi, Mzee?" akasema Saturio. "Si kwenye mwavuli wako? Mimi sikumpiga mtu. Mimi nilikuwa na kitu kimoja tu duniani, nikakivua. Yule alitoa miguu aliyozaliwa nayo, wewe umetoa nywele zitakazoota. Mimi nilitoa mechi yangu. Tena mji mzima umeshaniamini. Mkiandika Saturio, hakuna atakayeuliza swali." Akajishika goti. "Na kusema kweli, lile bao la pili, nikiwa kapuni, mguu wangu uliruka wenyewe. Nadhani nilisaidia."

"Ulisaidia!" Eladio akaruka. Ilibidi watenganishwe.

Casilda alikuwa amekaa karibu na mlango. Hakuna aliyemwekea kiti cha mezani.

"Mmemaliza?" akasema. "Mmeniapia kamba zangu. Juzi mmezing'oa wenyewe ili mjenge uzio."

Wote watatu wakatazama sakafu. Kweli, walizing'oa. Uzio ulihitaji nguzo za kamba zile.

"Ninyi mmetoa jezi, ndevu na jasho. Mimi nimetoa riziki. Hakuna nyumba itakayoniletea shuka tena mji huu, kwa neno moja nililosema ili mtu mzima asionekane kapuni. Na kabla ya mpira wenu kufika, pale palikuwa na jina. Uwanda wa Mashuka. Bibi yangu alianika pale. Andikeni hilo, au andikeni Casilda. La sivyo nitakwenda kumweleza Meya nani alikuwa kapuni, ili shuka zangu zipone."

"Casilda, dada yangu," Don Baldomero akasema kwa upole wa kisheria, "tukiandika jina lako, watu watauliza ni kwa nini. Wakiuliza, tutajibu nini? Siri itatoka, kiwanja kitakwenda."

"Na msipoliandika, siri itatoka, kiwanja kitakwenda."

"Hivyo ni vitisho!" akasema Saturio.

"Wewe nyamaza," akasema Casilda. "Chafya ilikuwa ya nani?"

Hapo mlango ukagongwa. Ni Meya, na nyuma yake mchoraji, amebeba ubao mpya na kopo la rangi nyeupe. Brashi imeshachovywa, inadondoka kwenye ngazi za Don Baldomero.

"Haya," akasema Meya, "jina gani?"

Wanne wakafungua midomo kwa pamoja.

Nami nawaachia hapo hapo, midomo wazi. Msinitazame mimi, sikuwapo, na ningekuwapo ningekuwa nasinzia karibu na Meya. Wewe uliyesema Eladio, kumbuka alivyojitazama kwenye kioo. Wewe uliyesema Baldomero, kamuulize mwamuzi mgongo wake. Wewe wa Saturio, ungemchagua acheze Jumapili ijayo? Na wewe mama uliyeanza kutikisa kichwa tangu kamba zilipong'olewa, na umeshaamua, niambie kama ungethubutu kulitamka jina la Casilda mbele ya Meya, wakati mji mzima umeshasimama nje na mpira kwapani.

Rangi inadondoka. Ubao ni mdogo. Je, nani alistahili?